Moyo wa Baba Haukulala

Baba alikuwa mwoka mikate, na waoka mikate hulala mchana. Mtaani kwetu Malindi, nyuma ya soko, kila mtu alilijua hilo. Hata wauza samaki wakipita mbele ya mlango wetu walishusha sauti, kisha wakaipandisha tena wakifika kwa jirani. Baada ya sala ya isha baba alikwenda tanurini, akakanda na kuchoma boflo usiku kucha, akarudi jua limeshatoka na vinyweleo vya mikono vimeganda unga. Alikunywa chai, akala kipande cha mkate aliouchoma mwenyewe huku akilalamika kuwa chumvi imezidi au imepungua, kisha akajinyoosha kwenye kitanda cha kamba katika chumba cha mbele mpaka alasiri.

Mimi nilikuwa nimetoka darasa la saba, miongoni mwa wale wa mwisho waliomalizia hapo kabla ya darasa la nane kuanza. Sikupata shule ya kuendelea. Nikakaa nyumbani nikishona kofia na mama, na tulishona bila kusema kwa sababu ya usingizi wa baba. Kukaa kimya hakukunipa tabu, maana sikuwa msemaji. Lakini kwa maisha yale baba nilimjua zaidi akiwa amelala kuliko akiwa macho. Nilijua alivyokunja mkono mmoja chini ya shavu, na alivyotafuna hewa kabla ya kugeuka. Nilijua anaota lini, maana vidole vyake vilikanda.

Alianza kuumwa mwaka mmoja mvua za masika zilipochelewa. Alirudishwa nyumbani na wenzake wawili kabla ya alfajiri, amekaa kwenye mkokoteni wa kupelekea mikate madukani, miguu inaning'inia. Wenzake walisema ameishiwa na pumzi akiwa ameinua trei, akakaa juu ya gunia la unga na hakuweza kuinuka. Mama alidhani ni moshi wa kuni. Alimpa maziwa. Kulipokucha tuliona miguu yake imevimba, na nyayo hazikuingia ndani ya ndara.

Tulimpeleka kwa daktari kwenye zahanati. Alikuwa mzee wa Lamu, mwenye miwani aliyoifunga kwa uzi, na aliongea na wagonjwa kama anaongea na watu wa nyumbani. Aliweka ile mipira masikioni, akasikiliza kifua cha baba mbele na nyuma, muda mrefu, mpaka baba akauliza kwa mzaha, "Daktari, kwani wasikia taarabu humo?"

"Nasikia ngoma," daktari akasema. "Na mpiga ngoma amechoka."

Akatueleza kwamba moyo wa baba umetanuka. Ulikuwa ukienda mbio kama wa mtu anayepanda ngazi, na yeye ameketi kitini. Mama akasema basi atalala, ataacha kazi kwa muda, apumzike. Daktari akamtazama juu ya miwani.

"Akilala, moyo wake hupumzika?"

Mama hakulielewa swali hilo, wala mimi. Mtu akilala amelala, kila kitu chake kimelala.

Daktari akageuka kwangu, nadhani kwa sababu nilikuwa kimya na macho yangu yalikuwa juu ya mkono wake. Akasema moyo haulali kamwe, lakini hupunguziwa kazi. Mtu mwenye afya akisinzia, mapigo yake huanza kushuka. Usingizi ukizama, hushuka zaidi, yakawa mazito na ya mbali mbali, na hapo ndipo moyo unapopata nafuu yake. Akiota, mapigo hupanda na kushuka ovyo, kwa sababu ndotoni mtu hukimbia na kugombana kama aliye macho. Ndoto ikipita hushuka tena, na karibu na kuamka huanza kupanda yenyewe, kabla hata mtu hajafumbua macho. "Kila siku hivyo," akasema. "Ukiona moyo wa mtu haushuki akilala, ujue hauna mapumziko hata saa moja. Na kitu kisichopumzika chafika wapi?"

Kisha akanishika kifundo cha mkono, akaweka vidole vyake viwili chini ya kidole gumba changu, akaniambia nami nifanye hivyo kwa baba. Niliupata mshipa mara ya kwanza. Ulikuwa ukirukaruka kama kifaranga kwenye kiganja.

"Mimi simwoni akilala," daktari akasema. "Nyinyi mwamwona. Usihesabu. Shika tu akiwa macho, ukumbuke mwendo wake. Akilala shika tena. Umeshuka au haukushuka, basi. Njoo uniambie."

Tangu siku hiyo, kumshika baba mshipa ndiyo ikawa kazi yangu. Kwanza nilijifunza kwa wengine, maana sikujua kushuka kwenyewe kukoje. Nilimshika mama akiwa amelala adhuhuri juu ya jamvi. Alipokuwa macho mapigo yake yalifuatana kama hatua za mtu aendaye dukani. Alipolala yalitengana, mpaka nikadhani nimepoteza mshipa, kumbe lilikuwa pigo jingine linakuja polepole, bila wasiwasi. Sijawahi kusikia kitu chenye amani kama kile. Nikamshika shangazi yangu, dada yake baba, aliyekuja kumwangalia mgonjwa akasinzia kabla ya mgonjwa. Akafumbua jicho moja.

"Wewe mtoto, wanitafuta nini?"

"Moyo, shangazi."

"Wangu usiushike. Una siri za watu wa mtaa mzima, utashindwa kulala." Akafumba jicho tena, akasema, "Haya, shika. Lakini ukisikia jina lako humo usinune."

Moyo wa shangazi nao ulishuka, hata kabla hajaanza kukoroma.

Wa baba haukushuka. Nilikaa chini kando ya kitanda, kofia magotini, nikamshika akiwa macho, nikamshika akiwa amesinzia, nikamshika usingizi umekolea na mdomo umefunguka. Ulikuwa ule ule. Uso wake ulilala, vidole vilitulia, sauti ya pumzi ikawa ndefu, lakini pale chini ya kidole gumba mtu alikuwa anakimbia. Alipoota ulikimbia zaidi, na ndoto ilipopita haukurudi chini. Mama alisimama mlangoni akiniuliza kwa macho. Nikatikisa kichwa. Ikawa kila siku ananiuliza hivyo, nami natikisa kichwa, naye anarudi jikoni.

Nilikwenda kumweleza daktari. Maneno yalinitoka kwa shida, mbele ya watu wote waliokaa kwenye benchi, lakini niliyasema. Hakunicheka. Akaandika dawa, tembe ndogo nyeupe, akasema hizi ndizo zitakazoushika moyo mkono na kuuambia utembee. Akamkataza baba chumvi. Baba akacheka mpaka akakohoa. Mwoka mikate akatazwe chumvi. Mama akamshonea mito mitatu ya sufi, baba akawa analala nusu ameketi, maana akilala chali alizama kama mtu aliyeingia majini.

Tembe zilifanya kazi. Baada ya siku kadhaa nilimshika amelala nikasikia pengo. Pigo, kisha kimya kidogo, kisha pigo. Sikuamini. Nilikwenda kumshika mama, nikarudi kumshika baba, na mwendo ulikuwa karibu sawa. Mama alikuwa mlangoni. Safari hii nilitikisa kichwa kwa namna nyingine, naye akaketi pale pale kizingitini akajifunika uso kwa leso. Jioni ile alipika wali wa nazi bila chumvi, na sote tuliula hivyo hivyo, tukasema ni mtamu.

Nimesema haya ili ieleweke kuwa kulikuwa na siku za namna hiyo. Hazikuwa nyingi.

Yule daktari wa Lamu alihamishwa, akaja mwingine kutoka bara. Alikuwa kijana, mwenye adabu, anaamkia wazee shikamoo kwa sauti ya mtu aliyefundishwa juzi. Hatuwezi kusema alikuwa mbaya. Baba alipokwenda kwake mara ya kwanza mimi nilimsindikiza.

"Mzee, unaendeleaje?"

"Alhamdulillahi. Lakini daktari, moyo wanichafuka."

"Pole. Umeanza lini?"

"Tangu kuzizoea tembe hizi. Wanichafuka asubuhi mpaka jioni. Hata nikiona chakula wanichafuka."

Daktari akaweka kalamu chini. "Nani amekuchafua moyo, mzee? Ni mambo ya nyumbani?"

Baba akanitazama, akamtazama daktari. "Hakuna mtu. Wachafuka wenyewe."

"Unajua, mzee, hasira ni mbaya sana kwa mgonjwa kama wewe. Ukiwa na kitu moyoni, kitoe. Samehe watu. Wacha mawazo. Halafu dawa usiache, hata siku moja."

Kwetu mtu akisema moyo wamchafuka, ana kichefuchefu, yuko karibu kutapika. Kila mtoto wa Malindi anajua hivyo. Alikotoka yule kijana moyo uliochafuka ni moyo wenye hasira au huzuni, naye hakuwa na sababu ya kudhani vingine. Baba naye hakuwa na sababu ya kudhani kwamba hakueleweka. Aliona ameulizwa swali la ajabu na mtu aliyesoma, basi lazima swali lina maana yake.

Akarudi nyumbani akiwaza. Alikaa barazani, akaniuliza kama namjua mtu aliyemkosea. Nikasema simjui. Akamuuliza mama. Mama akasema labda yule mwenzake wa tanurini aliyeunguza mikate ya hoteli, baba akalaumiwa yeye. Siku iliyofuata akamwita yule mwenzake, akamwambia amemsamehe. Mwenzake alikuwa ameshasahau. Akaudhika.

"Kwa hiyo miaka yote hii wanihesabia mikate?"

"Sikuhesabii. Daktari amesema nisamehe."

"Basi nenda ukamsamehe daktari."

Akaondoka hakunywa hata kahawa. Baba akabaki anacheka peke yake. "Nimeambiwa nisamehe," akasema, "nami sina wa kumsamehe. Huyo mmoja niliyekuwa naye nimeshamkasirisha."

Akaendelea na tembe. Akawa hali chakula. Shangazi alimletea boflo la moto kutoka tanuri lile lile alilofanyia kazi, baba akaligeuza mkononi akasema, "Mbona wametia manjano?" Tukalitazama. Lilikuwa jeupe. Mama alimwonyesha unga ndani ya mtungi, naye baba akasema ule nao una manjano. Mtu aliyeishi na unga mweupe tangu ujana wake. Shangazi alitaka kumtania, badala yake akaufunika ule mtungi.

Moyo wa baba ulikuwa unashuka bado, na mama bado alikuwa anafurahi. Mimi nilianza kuogopa, kwa sababu sasa ulikuwa hauna tofauti. Hapo mwanzo ulikimbia akiwa macho na akiwa usingizini. Sasa ulikwenda polepole usingizini, na alipoamka ulikwenda polepole vile vile, na alipojikongoja mpaka chooni na kurudi bado polepole, mara ukaruka pigo zima kama mtu aliyesahau neno. Yule daktari wa Lamu alisema mapigo hushuka mtu akilala na hupanda akikaribia kuamka. Hayakupanda. Nilimwambia yule kijana nilipofuata dawa, kwa sauti ndogo mpaka akaniomba niipandishe. Nikasema tena. Akajibu kwa upole kwamba hiyo ndiyo kazi ya dawa, kuupunguza mwendo, na kwamba tunamtunza mzee vizuri.

Siku ya kurudi kwa daktari, baba alitapika kwenye ngazi za zahanati. Daktari alitoka mbio, akamshika kichwa.

"Mzee, kumbe unatapika? Mbona hukusema?"

"Nimesema," baba akasema, mate yanamtoka. "Nimekwambia moyo wachafuka."

Mama mmoja aliyekuwa na mtoto kwenye benchi akacheka kidogo, si kwa ubaya. "Daktari, huyo amekwambia ana kichefuchefu. Wewe ulidhani ana nini?"

Yule kijana aliketi kwenye ngazi kando ya baba, palipochafuka, na suruali yake nyeupe, akaushika mkono wake akihesabu mshipa kwa saa yake muda mrefu. Akaniuliza mimi, "Na macho yake? Anaona vitu vikiwa na rangi nyingine?" Nikasema ndiyo, hata unga auona wa manjano. Akafumba macho. Akatuambia dawa imemzidi mwilini, iachwe leo leo. Akaandika barua, akatafuta gari yeye mwenyewe, na siku ile ile tulikuwa barabara ya Mombasa. Tulipopita Kikambala baba aliomba gari lisimame, akatapika tena kando ya minazi ya hoteli, na mlinzi wa geti akatuletea maji ndani ya chupa ya soda.

Kule Mombasa walimweka kwa muda. Waliusikiliza moyo na mashine inayochora, wakatupa jibu ambalo mama aliniomba nilirudie mara kadhaa njiani tulipokuwa tunarudi, kana kwamba nikilirudia litabadilika. Dawa ikiwa nyingi, inamtia sumu. Ikiwa kidogo, haiushiki moyo. Katikati yake palikuwa pembamba sana, na moyo wenyewe umetanuka mno kuweza kusimama hapo. Walimpa tembe nyingine za kukojoza maji ya miguu. Wakasema apumzike.

Akarudi kwenye kitanda cha kamba na mito yake mitatu. Kichefuchefu kikaisha, unga ukawa mweupe tena, akaanza kula, na mchana wa kwanza nilipomshika amelala, mtu yule alikuwa anakimbia. Mama hakuja mlangoni kuuliza. Alijua kwa jinsi nilivyotoka.

Yule daktari kijana alikuja nyumbani kumwangalia, si mara moja. Hakuwa na dawa. Alikaa, akanywa chai, na baba akamfundisha maneno. Kuungulika, yaani kiungulia, kusokotwa na tumbo, na mshipa, ambao kwetu pia ni ngiri, na wanaume hawautaji mbele ya watoto. Kijana akayarudia moja moja. Baba alimpenda. Alisema mtu huyu atawafaa wengine. Mama alimkaribisha vizuri, akampa mahamri, lakini akishaondoka aliosha kikombe chake muda mrefu kuliko vingine.

Siku moja baba alifumbua macho nikiwa nimemshika. Hakuutoa mkono.

"Nikilala huwaje?" akaniuliza.

Hakuwa amewahi kuuliza. Nilitaka kutikisa kichwa kama nilivyofanya kwa mama, lakini alikuwa amelala chini akinitazama kutoka pembeni, na kutikisa kichwa kusingetosha.

"Huenda kama ukiwa macho, baba."

"Haushuki?"

"Haushuki."

"Hata nikikoroma?"

"Hata ukikoroma."

"Kwa hiyo sijalala tangu masika yale."

"Mwili umelala."

"Mwili haunifai." Akatabasamu. "Ndiyo maana naamka nimechoka kama niliyetoka tanurini. Na kumbe nilidhani nazeeka." Akageukia ukuta. Nilidhani amekasirika, lakini akasema, akiwa bado amegeuka, "Usiache kushika. Kwa mkono wako najua kuna mtu yuko macho nami."

Sikuacha. Nilishika kila adhuhuri bila kutarajia kitu. Nilikuwa nimekwisha kuelewa kile alichouliza yule daktari wa Lamu, kitu kisichopumzika chafika wapi, na kwamba hakuuliza ili ajibiwe. Kofia niliyokuwa nikiishona haikwenda mbele. Baba alikonda mabega, miguu ikavimba, akawa anasema maneno machache, kila neno na pumzi yake.

Kisha ikaja adhuhuri moja baada ya sala ya Ijumaa. Mtaa ulikuwa kimya, maduka yamefungwa. Baba alikuwa amekula vijiko viwili vya uji, akalala. Nikamshika. Nikasikia pengo.

Sikuamini, nikahamisha vidole, nikashika tena. Pigo, kimya, pigo. Hapakuwa na tembe ndani yake, hapakuwa na kichefuchefu. Uso ulikuwa umelegea kama zamani, mdomo umefunguka kidogo. Ulikuwa unashuka kama wa mama, kama wa shangazi, kama wa watu wote waliolala siku ile Malindi nzima. Nilikaa nao mpaka nikawa na hakika, kisha nikatoka uani. Mama alikuwa ameinama juu ya sinia la mchele.

"Mama, unashuka."

Mikono yake ikasimama ndani ya mchele. "Umeshika vizuri?"

"Nimeshika vizuri."

"Na hakuna tembe?"

"Hakuna."

Akasema tusimwamshe. Akaniambia nikae, akanimiminia chai, na tukazungumza kwa sauti ndogo, jambo ambalo hatukuwa tumelifanya kwa muda mrefu. Mama alisema huenda moyo umechoka kukimbia, umeamua kutembea. Akasema akipata nguvu hatarudi tanurini, atafunguliwa kimeza cha kuuza mikate mbele ya nyumba, akae kivulini. Nikamwuliza nani atachoma mikate. Akacheka, akasema mimi.

Nilirudi ndani. Ulikuwa umeshuka zaidi. Mkono ulikuwa na baridi, nikaufunika kwa shuka. Nikashika tena, na baina ya pigo na pigo palikuwa pakubwa mpaka mimi mwenyewe nilivuta pumzi nikaitoa nikingoja. Likaja. Nikangoja jingine. Nilidhani nimepoteza mahali, nikasogeza vidole juu, nikasogeza chini, nikaenda shingoni. Halikuja.

Nikamwita mama. Aliuliza kutoka uani, kwa sauti ile ile ndogo ya kutomwamsha, kama umeshuka zaidi.

Nikamwambia ndiyo.